Shoto, Bingwa Aliyejifunza Kuanguka

Marehemu, ambaye wengi wetu tulimjua kwa jina la Shoto, alizaliwa tarehe 9 Juni 1950, mtoto wa nne wa fundi cherehani na mkunga. Alitumia mkono wa kushoto tangu utotoni, na mama yake alimkanya mpaka akachoka.

Alisoma hadi darasa la nane. Mwalimu wake wa hesabu, aliyefundisha pia ndondi jioni, alimweleza baba yake kwamba hesabu hazimwingii, lakini ngumi nazo hazimpati. Baba alikubali kwa shingo upande, ila kwa sharti kwamba asiache kushona. Basi mchana akawa kwenye cherehani, jioni ulingoni, na kaptura zote alizopigania alizishona mwenyewe.

Mwaka 1975 alitwaa ubingwa wa taifa wa uzito wa kati, akaushikilia miaka sita. Waliokuwapo wanakumbuka ukumbi mzima ukiimba jina lake, na waliokosa tiketi wakining'inia madirishani. Mkewe, aliyefunga naye ndoa mwaka 1977, hakuhudhuria pambano hata moja. Kila siku ya pambano alizima redio, akafua nguo ambazo tayari zilikuwa safi.

Mwaka 1981 daktari wa macho alimkataza kupigana tena. Shoto alirudi kwenye cherehani mnyonge kabisa, mpaka watu wa filamu walipomfuata aigize bondia mzee anayeshindwa. Siku ya kwanza kazi ilikwama. Kila mwigizaji mwenzake aliporusha ngumi, Shoto aliikwepa. Mwili ulikataa katakata. Mwongozaji alikuwa karibu kumrudisha nyumbani. Ndipo mkewe, aliyekuwa ameleta chakula, akasogea kwenye kamba za ulingo, akamwambia taratibu, "Baba watoto, hapa hakuna wa kukunyang'anya kitu. Anguka tule."

Akaanguka. Pale chini machozi yakamtoka, machozi ambayo hakuna aliyeyaandika kwenye mswada, na mwongozaji akayaacha kwenye filamu. Tangu hapo aliigiza miaka zaidi ya ishirini: baba mkwe mkali, mlinzi wa hospitali, hakimu. Watoto wa mtaani kwake waliomwamkia hawakujua kama aliwahi kupigana. Jambo hilo lilimchekesha, na siku nyingine lilimuuma.

Mwaka 2016 kumbukumbu zilianza kumponyoka. Madaktari walisema ni zile ngumi za zamani. Bondia ambaye Shoto alimpiga mwaka 1975 akatwaa ubingwa, na ambaye siku hizi ni kinyozi, alikuja kila Jumamosi kumnyoa ndevu. Siku moja Shoto alimtazama sana, akamuuliza, "Kwani mimi na wewe tulijuana wapi?"

"Kazini," akajibu kinyozi, akaendelea kunyoa.

Shoto alifariki nyumbani kwake tarehe 2 Februari 2021, mkono wake ukiwa mikononi mwa mkewe.

Ameacha mjane, mabinti wawili, mwana mmoja, wajukuu saba, dada yake mkubwa, na kinyozi huyo, ambaye familia imemhesabu miongoni mwa ndugu. Jana alimnyoa kwa mara ya mwisho, bila haraka, na hakutaka kusaidiwa.

Mwenyezi Mungu ampe Shoto wetu pumziko, na pumziko hilo liwe na amani.