Leo Nakhumicha Haoki

Leo, Ijumaa tarehe 30 Mei, Bi. Lornah Nakhumicha anastaafu baada ya miaka ishirini na minane ya kupokea simu katika ofisi yetu hapa katikati ya jiji. Narudia kwa wanaojisahaulisha: kupokea simu. Hakuajiriwa jikoni.

Mteja akipiga huku akitukana, Nakhumicha alimsikiliza mpaka tusi la mwisho, kisha akamuuliza jina lake kwa upole. Wengi waliona haya. Wengine walidhani yeye ndiye mkurugenzi, na kuna miaka tulitamani iwe hivyo.

Vile vimkate vya jibini vilikuja baadaye. Alifundishwa na jirani yake wa Kinoo, aliyewahi kupikia familia ya Wabrazili kule Kitisuru: wanga wa muhogo unakandwa kwa maziwa moto, mayai na jibini, na vimkate vinatoka kwenye oveni vimefura, nje vikavu, ndani laini. Alituletea mara moja, kwa hiari yake. Tukanogewa. Tangu siku hiyo, kila mgeni, kila mkutano, Nakhumicha aoke. Akiugua, watu walinuna.

Sasa sikieni. Kamati ya kumuaga ilipokutana, Oduor wa uhasibu alisimama akasema, "Si Mathe atuletee zile mkate zake za cheese, mara ya mwisho tu?" Kamati nzima ikapiga makofi. Mama wa watu aoke karamu ya kuagwa kwake! Shukrani ya punda ni mateke. Nilikasirika, na bado nimekasirika ninapoandika haya, wala siombi radhi. Kibaya zaidi, yeye mwenyewe alipoambiwa alikubali, akauliza tutakuwa wangapi.

Nikakataa. Jana jioni mimi, mwenzetu Muthoni na huyo huyo Oduor tuliingia jikoni kwangu kuvioka vimkate wenyewe. Oduor, aliyetumwa wanga, alinunua unga wa muhogo wa kusongea ugali. Havikufura. Vimelala kwenye sinia, vya kijivu, vigumu kama kokoto. Ndivyo tutakavyokula leo, sote, mpaka viishe.

Bi. Nakhumicha, usiinuke kitini, chai utaletewa. Asante kwa simu zote, na kwa vimkate ambavyo hatukustahili. Mungu akupe afya, na asubuhi ndefu za kulala. Nasi tukikupigia kuulizia jibini, tafadhali usipokee.