Kahawa ya Tatu ya Edhem

Benchi lenyewe ni ubao wa msonobari uliolazwa juu ya matofali, mbele ya duka la Edhem mfua shaba, hapa Travnik, Bosnia, upande ule jua la alasiri linakochelewa kuondoka. Wakaaji ni walewale. Yupo Muharem, anayeitwa Waziri kwa sababu aliwahi kuendesha gari la waziri miezi michache, na mpaka leo anasema "sisi serikalini". Yupo Ibro Daktari, bawabu mstaafu wa zahanati. Yupo na Salko Redio, ambaye hajawahi kuzimwa. Kahawa ni ya Edhem, anaichemsha mwenyewe kwenye madele madogo ya shaba aliyoyafua kwa mkono wake. Kwetu kahawa ni tatu: ya kumpokea mgeni, ya kupiga naye soga, na ile ya mwisho ya kumwambia kwa adabu kwamba sasa anyanyuke aende kwake. Edhem, mtu mpole wa miaka sitini na mbili, hajaoa na hajawahi kumimina ya tatu tangu arithi duka kwa baba yake. Ndiyo maana benchi halikauki watu.

Ijumaa hiyo Edhem alimwaga kahawa ubaoni mara mbili. Keshokutwa, Jumapili, wale watatu walikuwa wampeleke Vitez, mji wa jirani, kwa kaka yake Fahira, wakamposee. Fahira ni mjane, fundi cherehani wa ng'ambo ya barabara, na huu mwaka wa pili huja kunywa kahawa na Edhem asubuhi kabla benchi halijajaa. Wakubwa wa benchi waliona hayo, wakapiga hesabu zao, wakapanga safari bila kumuuliza mwenye safari. Edhem alizipenda asubuhi zile kuliko kitu chochote duniani. Akienda Jumapili, atamdanganya yule mama. Asipoenda, itakuwa aibu, na huenda asimwone tena mlangoni pake. Siku tatu alikuwa hali vizuri.

— Bwana harusi! alipaza sauti Salko. Mke wangu keshalipiga pasi shati lako. Limenyooka mpaka linatisha.

— Asante, alisema Edhem. Lakini kuna jambo nataka kuwauliza. Kuna mtu mmoja hivi...

— Nani? aliuliza Waziri.

— Mtu tu. Mteja. Tangu ujana wake hajawahi kumtamani mtu. Si mwanamke, si mwanamume. Si kwamba amejizuia, au ameweka nadhiri. Hamu yenyewe haijawahi kuja. Nimeambiwa mtu wa namna hiyo ana jina. Aseksuali.

Daktari ndiye aliyeanza, kwa kuwa suala lilikuwa la mwili.

— Huo ni upungufu wa damu. Mletee lozi na asali, na supu ya mboga za mwitu. Wiki mbili tu, tutamfunga kamba huyo.

— Ana damu ya kutosha, alisema Edhem. Alipimwa. Mzima kabisa.

— Basi ni kazi yake. Anafanya kazi gani?

— Anafua... anafanya kazi za mikono.

— Shaba! Daktari akapiga paja. Moshi wa shaba unaingia kwenye mishipa, hamu inaganda. Wagonjwa kama hao tulikuwa nao zahanati.

— We bawabu, tulia, alisema Salko. Baba yake Edhem kavuta moshi wa shaba miaka hamsini, na kazaa watoto saba. Sikilizeni mimi niwape habari. Mjukuu wangu wa Sarajevo alinieleza yote siku ya Bajram, Idi yetu. Aseksuali ni wa kwanza tu, wako wengi hao. Yupo asiyemtamani mtu mpaka kwanza moyo umzoee, huyo wanamwita demiseksuali. Yupo anayetamani mara mojamoja, kama umeme wa wakati wa vita. Yupo anayependa kupendana, kushikana mikono na kuandikiana, ila kitanda hakitaki. Na yupo anayekitaka kitanda, ila maneno ya mapenzi yanamchosha.

— Huyo wa mwisho ni Waziri, alisema Daktari.

— Nyamaza wewe! Waziri akaweka finjani chini. Nyie hamwoni hatari. Sisi serikalini tunajua. Kila kikundi katika nchi hii kinataka wizara yake. Majina hayo yakifika ishirini, wizara ishirini. Na kila wizara itataka marais watatu wa kupokezana, kama nchi yenyewe. Tutaishi wapi sisi? Hata mabenchi watayachukua waweke ofisi.

— Umeanza.

— Sijamaliza! Hii imepangwa. Huko Ulaya wameona Wabosnia tunazaana...

— Wewe una mtoto mmoja, na yuko Austria, alisema Salko.

— Ndiyo hapo walipoanzia!

Walicheka mpaka jirani anayeuza pita, mikate ya kujazwa, akachungulia. Edhem akacheka nao, ila si kwa moyo wote. Akaingia ndani kuchemsha dele jingine, akatoka nalo, akawamiminia ya pili, ile ya soga.

— Lakini hao wenyewe wanaelewana? aliuliza Daktari.

— Waelewane wapi! alisema Salko. Mjukuu anasema wanabishana kuliko sisi. Kuna wanaopenda wa jinsia moja, wanaosema hawa wasiotamani si wenzetu, hawajawahi kupigwa wala kufukuzwa na mtu, wakakae meza yao. Wengine wanajibu, nani kasema hawajafukuzwa? Na wengine wanasema majina yamezidi, tupunguze.

— Wana akili hao wa mwisho, alisema Waziri. Zamani majina hayo hayakuwepo, na tuliishi.

— Tuliishi vipi? aliuliza Edhem.

Aliuliza polepole, lakini wote wakamgeukia, maana Edhem si mtu wa kuuliza. Salko ndiye aliyejibu, na kwa mara ya kwanza siku hiyo alipunguza sauti.

— Mjomba wangu Nazif walimwoza. Mwaka haukuisha, mke akarudi kwao analia, anasema mume wangu ananipikia, ananifunika blanketi, ananiita roho yangu, lakini hanigusi, sijui nina kasoro gani. Mjini wakamcheka Nazif, wakampa jina baya. Akahamia mlimani na kondoo. Amekufa huko. Mama yangu alikuwa anasema kaka yake alirogwa.

— Kumbe pengine hakurogwa, alisema Daktari.

— Kumbe. Na yule mwanamke wa watu akaishi akidhani yeye ndiye mbaya.

Waziri akasugua kidevu, serikali imemwishia. Edhem aliiona Jumapili yote mbele yake: shati lililonyooka, kaka yake Fahira anamkumbatia, halafu mlango unafungwa na wao wawili ndani, na yeye anatafuta blanketi la kumfunika. Akaogopa zaidi kumfanya Fahira alie kuliko alivyoogopa benchi.

— Ni mimi, alisema.

— Wewe nini?

— Huyo mteja ni mimi. Amra, binti wa dada yangu, ndiye aliyeniambia lile jina, juzi kwenye simu. Mwaka wa sitini na mbili huu nilidhani nilifuliwa vibaya. Nimekaa na hilo jina siku mbili, nikalala usingizi. Nampenda Fahira kuliko ninavyoweza kusema. Lakini si kwa ile namna mnayotaka nikampose. Siendi kumdanganya.

Wale watatu walikuwa wakitazama nyuma ya bega lake. Edhem akageuka. Fahira alikuwa amesimama pale na sinia ya pita ya viazi, na kitambaa juu yake. Huyu hajawahi kufika kwenye benchi alasiri hata siku moja.

— Shemeji, alianza Salko, akajishika mdomo.

— Shemeji wa nani? alisema Fahira. Nilikuwa nakuja kuwaambieni msiende Vitez. Kaka nimeshamwambia asichinje kitu. Mwanamume mzima unapangiwa safari, unakaa kimya kama pazia! Wiki nzima silali, Edhem, nawaza nikikataa nitakosa kahawa yangu ya asubuhi. Katika mtaa huu wewe ndiye mwanamume pekee asiyenitazama kama nyama ya ćevapi kwenye makaa. Unadhani nilikuwa nafuata nini kwako, madele?

Edhem akacheka kwa furaha, akasogeza finjani kumpa nafasi ya sinia.

— Tena kelele zenu zinavuka barabara, nimesikia hayo majina yenu, Fahira aliwaambia wengine, akiweka sinia ubaoni. Mimi nilimtaka mwanamume mmoja tu. Kabla yake sikumtaka mtu, na yeye nilimfahamu miaka minne kabla sijamwona kama mwanamume. Kaondoka, na hamu kaenda nayo. Sina huzuni, nipo salama. Haya, mabingwa, mimi naitwa nani?

Waziri akamgeukia Daktari. Daktari akamgeukia Salko. Hata Salko, mwenye kila jina kutoka Sarajevo, alianza kuhesabu kwenye vidole, akakwama, akachukua kipande cha pita.

Edhem akaingia ndani. Akatoka na dele, akawamiminia wale watatu finjani nusunusu, bila haraka, kuanzia kwa Waziri.

— Hii ni ya ngapi? aliuliza Daktari.

— Ya tatu, alisema Edhem.

Wakatazamana. Tangu enzi za baba yake, hakuna aliyewahi kuionja hapo. Waziri aliinywa amesimama, kwa heshima zote. Kisha wakateremka barabarani, kila mmoja na kipande chake cha pita, wakigombana tayari juu ya nani alijua mapema. Fahira alikaa pale alipokuwa amekaa Salko, akanyoosha miguu. Edhem alitoka na dele jipya, povu bado linapanda, akammiminia ile ya kwanza, ya kumpokea mgeni, na hakumwaga hata tone.

— Na shati? Salko alipiga kelele kutoka kwenye kona. Mke wangu keshalipiga pasi!

— Lilete! alijibu Edhem. Kesho asubuhi nina mgeni.