Nani Atamwosha Émile Kichwa?

Kwenye kona moja ya mtaa wa Kamalondo, mbele ya karakana ya fundi cherehani ambaye kila suruali huahidi kuimaliza kesho, kuna benchi la mbao ambalo wenyewe wanaujua upande wake wa kukalia na upande wake wa kuogopa. Hapo ndipo Amadi huwasha makaa kila alasiri na kuchemsha kahawa ya tangawizi, na hapo ndipo matatizo ya dunia hupatiwa majibu ambayo dunia haijawahi kuyaomba. Ijumaa hiyo ya mwezi wa nane, vumbi jekundu limetanda kila mahali na mvua bado miezi miwili, tatizo lilikuwa kichwa cha Émile. Kilikuwa cheupe pe. Tena si mvi, ni unga wa mahindi.

Mambo yalikwenda hivi. Émile ana mashine ya kusaga mahindi nyuma ya soko, na tangu ujana wake alikuwa haoni mbali. Ukimsalimia ukiwa ng'ambo ya barabara, alikuwa anaujibu mti. Jumanne akaenda kwa daktari wa macho, akalazwa chini ya leza, na muda si muda akatoka akisoma vibao vya maduka kwa sauti, hata vile vilivyofutika rangi. Daktari alimpa dawa ya matone, miwani kubwa ya plastiki ya kujikinga, na karatasi ya masharti: asisugue macho, asikae penye vumbi, na kwa juma zima maji na sabuni visimwingie machoni. Émile akaahidi yote. Jumatano akatulia nyumbani. Alhamisi akapigiwa simu kwamba mashine inakohoa, na wewe niambie, baba gani asikie mtoto wake anakohoa abaki kitandani? Akaenda na miwani yake, akafungua kifuniko, na debe zima la unga likamrukia. Macho yalipona. Kichwa ndicho kilichobeba yote.

Sasa kila akiinama unga unamdondokea kwenye kope. Akitoka jasho unakuwa uji. Kuuacha hawezi, kuuosha anaogopa, na Jumapili binti yake Gaëlle anatua uwanja wa Luano na ndege ya kutoka Kinshasa.

Hapo kwa Gaëlle tusimame kidogo. Alipoondoka, miaka sita iliyopita, Émile na mkewe Clotilde walimsindikiza mpaka uwanjani. Msichana alipofika mlangoni akageuka, akapunga mkono. Siku hiyo miwani ya Émile ilikuwa imevunjika. Akapunga mkono kwa moyo wote, machozi yanamtiririka, mpaka Clotilde akamshika kiwiko na kumgeuza, maana alikuwa anamuaga mtoto wa watu wengine. Alipogeukia upande unaotakiwa, Gaëlle alishaingia. Jambo hilo lilimuuma miaka yote sita, na ndilo lililompeleka chini ya leza akiwa mtu mzima wa miaka hamsini na mbili. Safari hii alitaka amwone yeye kwanza, kutoka mbali, kabla hajaonwa. Na sasa alikuwa na hofu ya kweli kwamba unga wa mahindi utamnyang'anya macho siku mbili kabla.

Wa kwanza kulivaa suala alikuwa Édouard, anayeitwa Wiki Mbili, kwa sababu huo ndio muda aliosomea udaktari pale chuo kikuu kabla hawajaachana kwa makubaliano ya upande mmoja.

— Nywele haiombe mayi na sabuni, alisema. Nywele inaomba hewa. Unapanda pikipiki, unageuka, unaangalia kwenye mumetoka, banakukimbiza mpaka ku Kipushi. Ukifika kule, unga yote imebakia mu barabara.

Émile akauliza, na vumbi ya barabara ya Kipushi je? Wiki Mbili akafikiri, akakiri kwamba somo hilo pengine lilifundishwa wiki ya tatu.

Moustapha akamcheka. Huyu ni dereva wa teksi, jina lake la kijiweni ni Kilometa, na hakuna jambo chini ya jua ambalo hajaliona likitokea mahali pengine. Akasema aliwahi kumbeba mtu wa mgodini aliyefanyiwa macho vilevile. Huyo alikuwa anavaa mfuko wa plastiki usoni, anaufunga kwa utepe wa gundi kuzunguka kichwa kizima, halafu anaoga kama kawaida. Wiki Mbili akataka kujua alikuwa anapumua wapi. Kilometa akasema hilo hakuliuliza, yeye dereva, abiria akilipa akashuka basi. Wakabishana hapo juu ya pua kwa muda mrefu, wakapanda kutoka pua mpaka masikio, na mwisho Wiki Mbili akatoa dawa ya kuku. Kuku watatu, wasilishwe tangu asubuhi. Émile alale uani, kuku waletwe, wadonoe punje moja moja.

— Na wakikosea wakadonoa jicho? aliuliza Émile.

— Utafunga macho.

— Kuku anajua kama nimefunga?

Hapo hata Wiki Mbili alionekana kuwafikiria kuku upya. Kilometa akaona nafasi, akasema watu wanazunguka bure, dawa ni wembe: kinyozi yuko pale ng'ambo, dakika kumi, nywele chini na unga chini. Wazo lilikuwa la maana, ndiyo sababu liliwashangaza wote. Lakini Émile alitikisa kichwa taratibu, kwa kuogopa kujimwagia unga.

— Gaëlle aliniona na kipara mara moja tu, mu simu. Ilikuwa wakati ya kilio ya mama yake. Akiniona vile pa Luano, ataanza kuuliza nani amekufa tena.

Clotilde alikufa miaka miwili nyuma na Gaëlle hakuweza kuja kuzika. Hilo kila mtu wa benchi alilijua. Wasilolijua ni Jumamosi za Émile. Kila Jumamosi, miaka ishirini na mitano, Clotilde alikuwa anamkalisha kwenye kigoda uani na kumwosha unga wa wiki nzima, huku anamsimulia nani kagombana na nani sokoni. Tangu mkewe alipokufa, Émile anajimwagia ndoo juu ya kichwa na kwenda zake.

Mlangoni kwa fundi alikuwa amesimama mwanamke mmoja, Wivine, mgeni pale kijiweni, aliyekuja mara ya nne kuulizia gauni lake. Alikuwa amesikia yote, kuanzia pikipiki mpaka kuku.

— Papa, samahani, alisema. Muntu mwenye kutoka kupasuliwa macho banamulalisha mugongo, anafunga macho, mwingine anamuosha na mayi inaenda nyuma. Dada yangu tulimuosha vile. Kwako, nani atakuosha?

Wiki Mbili akachungulia ndani ya kikombe chake. Kilometa akakumbuka kwamba gari yake imeegeshwa vibaya, ingawa ilikuwa pale tangu saa sita. Émile akafungua mdomo kutaja jina, na jina lililomjia lilikuwa la Clotilde, akaufunga. Akajisikia mpweke pale katikati ya rafiki zake kuliko alivyojisikia siku ya maziko, maana siku ya maziko nyumba ilijaa watu.

— Hakuna, alisema.

Amadi, ambaye mchana kutwa hakuwa ametia neno, akainamisha birika. Hakikutoka kitu. Kahawa ikiisha, baraza la benchi huvunjika bila kutangaziwa, na Kilometa alishasimama. Lakini Amadi aliweka birika chini, akanawa mikono taratibu mpaka viwiko.

— Miye nitakuosha.

Mnielewe hapa. Amadi, ambaye babu yake alikuja kutoka Maniema na mzigo wa vitambaa, kahawa ni kazi yake ya alasiri. Akiitwa msikitini, kazi yake ni kuosha maiti, na ameifanya miaka ishirini na miwili. Kamalondo nzima inajua. Pale kwenye benchi hakuna anayeitaja, na wote wanakunywa kahawa kutoka mikono ile ile bila kuwaza sana, kwa sababu wakiwaza itawashinda kumeza.

Émile akajisogeza pembeni kidogo.

— Ndugu yangu, usinikasirikie, alisema. Mikono yako inafungaka bantu macho. Yangu imefunguliwa Jumanne tu.

Amadi hakukasirika. Labda alishayasikia hayo kwa watu wengi, wasiokuwa na adabu ya kuomba radhi kwanza.

— Njo sababu ya ile minajua kazi, alisema. Minashika kichwa kwa chini. Minaweka pamba ku macho. Mayi inaanzia ku paji, inaenda nyuma, polepole. Hata tone moja haiingiake mu macho. Ile ni heshima ya muntu.

— Na unajua aje kama haiingiake?

— Hakuna mwenye alisha kunishitaki.

Kilometa ndiye aliyeanza kucheka, kisha Wivine, na mwisho Émile mwenyewe akacheka mpaka mabega yakatikisika, na kwa kutikisika kule unga ukamwangukia kwenye kope la kushoto. Kicheko kikamkauka. Akakaa kama mtu aliyetuliwa nyuki, mpaka Wivine alipoupuliza pembeni.

— Haya, alisema Émile. Unioshe.

Kazi ikagawanywa. Kilometa akatumwa ndoo mbili za maji, moja ikapashwa moto juu ya makaa ya kahawa. Wivine akaenda kununua pamba na sabuni ya watoto wachanga. Wiki Mbili akaamriwa akinge beseni na afunge mdomo, akaweza nusu ya kazi. Émile akalazwa upande mzuri wa benchi, kichwa kimepita ukingo, macho yamefungwa, na Amadi akamwekea pamba juu ya kila jicho na kupitisha mkono wa kushoto chini ya shingo.

— Unakaza, alisema Amadi. Uniachilie kichwa.

Émile alijaribu. Si jambo jepesi kumwachia mtu kichwa chako, na hasa mtu yule. Akahesabu mpaka kumi, akakiachilia, na mkono ule ukakipokea chote bila kuteremka hata kidogo.

Maji yalianzia kwenye paji yakaenda nyuma. Kilichoshuka beseni kilikuwa kizito na cheupe, na Wiki Mbili akasema kinatosha uji wa familia. Émile alikuwa amekunja ngumi, anangoja macho yaanze kuwasha. Hayakuwasha. Sabuni ikapita juu ya masikio, kidole kikakinga kwenye nyusi kila mara kabla maji hayajafika, na baada ya muda ngumi zikajifungua zenyewe.

— Mayi iko moto sana? aliuliza Amadi.

— Iko muzuri.

Mkono ukasimama. Ukasimama kabisa, na Émile akakunja ngumi tena.

— Nini? Imeingia?

— Hapana, haikuingia. Sauti ya Amadi ilikuwa imeshuka. — Kila muntu minamuoshaka, minamuuliza vile. Leo njo mara ya kwanza muntu ananijibu.

Amadi akamaliza kusuuza, akamfuta kwa taulo kuanzia mbele kwenda nyuma bila kusugua, akainua pamba. Zilikuwa kavu, kama zilivyotoka dukani. Émile akafumbua macho. Ng'ambo ya barabara, mbali kule kwa mama muuza nyanya, aliona mafungu yote ya nyanya, na kwenye kila fungu aliweza kuzihesabu moja moja. Akahesabu mafungu matatu kwa kuhakikisha. Kisha akataka kuinuka.

— Ngoja kwanza, alisema Amadi. Ku nyuma ya masikio kungali unga.

Hapakuwa na unga. Wivine aliona hapakuwa, na Wiki Mbili aliona pia, akanyamaza kwa hiari yake. Hata Émile alijua, maana ngozi yake ilikuwa imepoa na kuwa nyepesi. Akafumba macho, akarudishiwa pamba, na Amadi akachota maji kidogo.

— Iko muzuri?

— Iko muzuri, ndugu yangu, Émile alijibu, akamwachia kichwa.