Bi Hodi na Vidato Tisa vya Jukwaa

Ifikapo tarehe 30 Juni mwaka huu, Bi Hodi atastaafu baada ya kulitumikia kundi letu la maigizo kwa miaka thelathini na saba. Jina analo, tena zuri, lakini hata kwenye daftari la mahudhurio tumezoea kumwandika hivyo, kwa kuwa ndiyo kazi tuliyompa: kubisha hodi, kuingia, kusema maneno mawili matatu, kutoka.

Ameigiza wakunga kumi na mmoja, mawifi wenye gubu wasio na idadi, majirani wa kuazima chumvi, na maiti mara nne. Maiti hana maneno ya kukariri, basi yeye alikariri ya wote waliomzunguka. Katika mchezo mmoja, mume aliyekuwa akimlilia alikwama katikati ya kilio. Maiti akamnong'oneza mstari mzima bila kutikisa shuka. Mume huyo ni mimi ninayeandika haya.

Mtaani hakuna anayemjua kuwa ni mwigizaji. Watu humwona dukani wakadhani ni shangazi wa fulani, au yule muuguzi wa zamu ya asubuhi. Mama mmoja alimvuta pembeni, akafunua bega na kumwonyesha upele. Bi Hodi aliukagua kwa makini, akamshauri aende hospitali.

Ana misimamo yake. Akipewa trei ya chai, vikombe lazima vijazwe maji kwelikweli. Walioketi nyuma hawaoni ndani ya kikombe, lakini yeye husema wanauona mkono, na mkono uliobeba vikombe vitupu haumdanganyi mtu. Mtunza vifaa alibishana naye mwaka mzima, kisha akanyoosha mikono. Siku hizi ndiye anayetukaripia sisi.

Mwaka juzi goti lake la kulia lilianza kusumbua, na daktari akamkataza ngazi. Bahati mbaya, mchezo wa msimu huu, wa mwisho kwake, una mtumishi anayeshuka na trei kutoka ghorofani, vidato tisa. Alituomba jambo moja tu: aumalize msimu kwa miguu yake, bila kupunguziwa kitu. Tuliitikia wote, kisha tukala njama. Tulimwendea mumewe, ambaye ndiye seremala wetu, akaikata ngazi ikabaki vidato vinne. Bi Hodi alifika mazoezini, akasimama, akahesabu. Nyumbani hakusema neno, siku tatu nzima, seremala akila chakula chake huku akizitazama kuta. Siku ya nne vidato vilirudi tisa, tena vimepigwa msasa.

Hapo ndipo tulipoogopa kweli. Onyesho la mwisho lilikuwa Jumamosi alasiri. Alitokea juu, trei mikononi, vikombe vimejaa pomoni. Mimi, bwana mwenye nyumba, nilikuwa nimeketi chini na gazeti ambalo sikulisoma hata neno. Kwenye kidato cha tano goti likagoma. Akasimama. Nyuma ya pazia seremala akafumba macho. Nikainuka nimfuate, jambo ambalo halimo kabisa kwenye mchezo.

Akanitazama kwa jicho la mtumishi aliyechoshwa na mabwana wote wa dunia. "Kaa, bwana. Chai yako inakuja. Mimi na ngazi hii tunaelewana pole pole."

Ukumbi uliangua kicheko. Nikakaa. Akashuka vinne vilivyobaki, akaweka trei mezani bila tone kumwagika, akaniuliza kama nataka sukari. Nilipaswa kujibu kuwa sitaki. Sikuweza, maana nilikuwa nalia machozi yangu mwenyewe. Alingoja kidogo, akanijibia kuwa bwana hataki, akatoka zake. Makofi yalimfuata hadi mlangoni, naye hakugeuka, kwa sababu mtumishi hageuki.

Dada yetu, tunakushukuru kwa moyo wote. Miaka yote hii ulisimama ili sisi tuonekane, na wengi wetu hatukujua. Siku ile uliniambia nikae, nikatii. Leo kundi zima linakuomba wewe: kaa, dada. Tunakutakia pumziko jema, afya, na miaka mingi ya furaha.