Mshale wa Joto Umeshuka

Kijiwe chetu kiko Chimala, pale barabara ya Matamba inapoanza kuutafuta mlima. Tuna benchi moja, birika la kahawa, na watu wawili wanaojua kila kitu duniani: Spana, aliyewahi kuuza vipuri miezi mitatu, na Sosthenes, tunayemwita Mchungaji kwa sababu hajui kusema kwa kifupi. Mimi nasikiliza tu, na mara nyingi nakereka. Jumamosi saa nne asubuhi gari la Isakwisa likasimama mbele yetu, linanuka moto. Kwenye kiti cha nyuma alikaa dada yake Jackline, na shela lake limejaa hadi dirishani. Ndoa saa sita, kanisani Matamba, juu huko baada ya kona hamsini na kitu. Baba yao ni marehemu, kwa hiyo Isakwisa ndiye wa kumkabidhi bibi harusi.

— Wakubwa, huu mshale wa joto kwenye dashibodi umenichanganya, akasema Isakwisa. Tangu Igurusi unapanda tu, ukagusa nyekundu. Nikasema leo nimeumbuka. Mara ukashuka wenyewe mpaka kwenye baridi. Nipande mlima, nisipande?

— Kaa kwanza, akasema Spana. Mtu haelezwi sensa ya joto akiwa amesimama.

Isakwisa akakaa. Kosa la kwanza hilo.

— Sensa ya joto imechomekwa kwenye injini, ncha yake imezama kwenye maji, akaendelea Spana. Maji yakipata moto, umeme unapita kirahisi, mshale unapanda. Yakipoa, umeme unabanwa, mshale unashuka. Sasa mshale wako umeshuka. Maana yake?

— Maji yamepoa?

— Umefaulu. Panda mlima.

— Subiri, subiri, akasema Mchungaji. Mbona gari lenyewe linanuka moto?

— Hiyo ni harufu ya zamani.

— Hapana, Spana. Sensa hiyo imetoka Japani. Kule kuna theluji. Imekuja huku Mbarali kwenye joto la mpunga, ikashtuka, ikapiga kelele. Baadaye ikazoea, ikanyamaza. Hata shemeji yangu alipohamia hapa kutoka Makete ilikuwa hivyohivyo.

— Shemeji yako alipandisha mshale?

— Alilalamika wiki mbili, kisha akazoea.

Isakwisa akatazama saa. Jasho linamtoka.

— Jamani, ndoa saa sita. Padri yule hasubiri mtu.

— Basi chomoa waya wa sensa kabisa, akasema Mchungaji. Injini isipojua ina joto, haiwi na hofu. Ni hofu ndiyo inaua injini.

— Hapo sasa umesema, akasema Spana, na ndiyo siku pekee nimewahi kuwaona wanakubaliana. Isakwisa akainuka kweli, akaulizia koleo. Nikatamani kuwapiga wote watatu.

Mlango wa nyuma ukafunguka. Jackline akashuka, kashika gauni kwa mikono miwili lisiguse vumbi.

— Shikamooni. Hivi, maji yamo?

Tukamtazama. Spana akamtazama Mchungaji. Mchungaji akatazama kikombe.

— Nani ameangalia? akauliza tena.

Hakuna. Isakwisa akainua boneti. Kopo la akiba la maji ni kavu. Mpira wa chini wa rejeta umepasuka, na matone ya mwisho yanaanguka kwenye lami.

— Kwa hiyo ile sensa... akaanza Spana, polepole. Maji yalipoisha ilibaki hewani. Haikuwa na cha kupima, ndiyo maana mshale ukashuka.

— Na mlikuwa mnanituma mlimani, akasema Isakwisa. Nilikataa gari la baba mdogo, Jackline. Nilisema nakupeleka mwenyewe. Nisamehe, mdogo wangu.

Jackline alipiga mluzi wa vidole viwili ambao sijawahi kuusikia kwa bibi harusi yeyote, na bodaboda mbili zikaja kutoka sokoni.

— Panda hiyo ya nyuma, kaka, akasema, akiviringisha shela kiunoni. Nisipofika na wewe, nani atanikabidhi?

Wakaondoka, gauni jeupe mbele, suti nyeusi nyuma, wakaishika kona ya kwanza. Tulibaki na gari limefunguliwa mdomo. Kisha Spana akakohoa, akaanza kutueleza jinsi injini ya pikipiki inavyopozwa na upepo bila tone la maji, na hakuna aliyempinga.