Shangazi Hataki Kumlilia Mzima

Mjane wa kiti cha nyuma ndani ya basi hakukusudia kuwasikiliza, ila Mungu alimjalia masikio. Mbele yake kijana mhamiaji, anayetengeneza filamu zake na kuziigiza mwenyewe, alikuwa akimbembeleza shangazi yake.

"Nalala tu kwenye jeneza, Shangazi, wewe unalia. Dakika mbili."

"Nimlilie mtu anayepumua? Huo uchuro! Baba yako akinipigia simu nimwambie nini?"

"Chumba cha kupigia filamu tumepewa mpaka adhuhuri, na mama mwingine wa kunililia sina nchi hii."

"Mbona kila filamu unakufa wewe? Za wenzio unakufa, hata hii yako mwenyewe unakufa?"

Kijana alikuna kichwa. "Kufa ndiko nilikozoea."

Mjane alicheka, akamwomba Mungu msamaha.

"Basi alale mpiga picha," shangazi alisema. "Huyo simjui, nitamlilia mpaka jioni."

"Na kamera ashike nani?"

Basi likapunguza mwendo. Kando ya barabara vijana watatu walikuwa wakisubiri na jeneza, kifuniko kimefunguliwa. Shangazi alipoliona tu, machozi yakaanza kumtiririka.

"Ngoja, Shangazi!" kijana alipiga kelele, akimvuta kuelekea mlangoni. "Usiyamalizie humu ndani!"