Binti Yangu Anaiweka Kamera Chini

Binti yangu anastaafu! Filamu yake ya ishirini na mbili imekamilika, na ameapa ndiyo ya mwisho. Jamani, hata salamu nimeruka. Hamjambo wote? Vijana wake wa kazi wameniomba niandike wasifu wake kwenye kijitabu hiki cha sherehe. Niliishia darasa la saba, lakini habari za mwanangu atanifundisha nani?

Alianza miaka thelathini na moja iliyopita, sebuleni kwangu, na kamera ya kuazima. Baba yake alipewa nafasi ya jambazi. Binti yangu hakuwa na kampuni wala mfadhili. Aliandika, aliongoza, na mwigizaji asipotokea aliingia yeye. Ameshakuwa hakimu, mlevi, na bibi harusi mara tatu (kwenye filamu tu, msinichokoze).

Siku moja alicheza maiti. Waombolezaji wamemzunguka, kamera inakwenda, mara maiti akaketi: "Kata! Shangazi, unalia au unapiga chafya?" Shangazi yake wa kweli alitoka mbio hadi barabarani na kiatu kimoja. Kipande hicho wanacho mpaka leo. Kila mwigizaji mpya huonyeshwa kwanza.

Tuzo anazo nne, ziko juu ya kabati langu, karibuni mzione. Macho yake sasa yamechoka, kamera anawaachia wapiga picha aliowafunza mwenyewe.

Ila hii filamu ya mwisho imetutoa jasho. Wenye majumba ya sinema walitaka abadilishe mwisho, yule mama mgonjwa wa kwenye hadithi apone badala ya kufa. Akaniambia, "Mama, nikimponya huyu, nitakuwa nimewadanganya watu." Akakataa, nao wakaikataa filamu. Mwenye ukumbi wa nyuma ya stendi ndiye aliyempa siku moja: viti mia mbili vikijaa, ataionyesha mwezi mzima. Visipojaa, inaingia sandukuni pamoja na nyingine mbili ambazo hazijaonwa na mtu. Mbele yenu anacheka, lakini mimi namwona, hata chai haimalizi.

Mwanangu, ahsante kwa kutuliza na kutuchekesha. Sasa kaa, nyoosha miguu, ufurahie siku zako.

Nyie wengine, safu ya kwanza nimeshaijaza ndugu zetu. Zilizobaki ni zenu, na majirani zenu, na wanaodai hawapendi filamu. Milango ya ukumbi inafunguliwa saa kumi jioni, Jumamosi, tarehe kumi na nne.